Mgonjwa wa akili aelezwe dawa yake kwa lugha aijuayo

Maradhi ya akili yana tabia moja isiyozungumzwa vya kutosha katika shule na vyuo vyetu: hupenda kuwapata vijana. Skizofrenia, ambayo humfanya mtu asikie sauti zisizokuwapo na kushikilia imani zisizo na msingi, aghalabu hujitokeza kati ya miaka ya mwisho ya ubarubaru na umri wa miaka thelathini hivi. Huo ndio umri wa shule ya upili, chuo cha ualimu na chuo kikuu. Kwa hivyo, suala la dawa za maradhi haya si la madaktari peke yao. Linamhusu pia mwalimu wa darasa, mlezi wa bweni na mwanafunzi anayelala kitanda cha pili.

Hoja yangu ni kwamba dawa zipo na zinafaa, lakini mgonjwa na jamaa zake mara nyingi hukabidhiwa vidonge bila kuelezwa, kwa lugha wanayoifahamu barabara, vidonge hivyo vitawafanyia nini. Pengo hilo la lugha huwarudisha wengi hospitalini, na wengine huwatoa shuleni wasirudi tena.

Tuanze na dawa zenyewe. Klorpromazini, ambayo ndiyo mama wa dawa hizi, ilianza kutumiwa kutibu maradhi ya akili nchini Ufaransa mwaka 1952. Haloperidoli iliundwa Ubelgiji mwaka 1958. Kwa msaada wa dawa hizo, watu waliokuwa wamefungiwa miaka na mikaka waliweza kurejea makwao. Hata hivyo, nafuu hiyo ilikuja na bei yake: mikono kutetemeka, misuli kukakamaa, uso kukosa ishara ya furaha au huzuni, na kwa baadhi yao, baada ya miaka mingi, midomo na ulimi kuchezacheza pasipo hiari.

Klozapini ndiyo iliyoonyesha kwamba akili inaweza kutulizwa bila mwili kukakamazwa namna hiyo. Lakini mwaka 1975 wagonjwa kadhaa walifariki nchini Ufini baada ya chembe nyeupe za damu zao kupungua mno, na dawa hiyo ikaondolewa katika nchi nyingi. Mwaka 1988 uchunguzi uliofanywa Marekani ulidhihirisha kwamba miongoni mwa wagonjwa walioshindikana kwa dawa nyingine, takriban 30 katika kila 100 walipata nafuu kwa klozapini, ilhali kwa klorpromazini walikuwa 4 tu. Ikarudishwa, kwa sharti kwamba damu ya mgonjwa ipimwe mara kwa mara. Ndugu zake wakafuata na kuidhinishwa Marekani: risperidoni mwaka 1993, olanzapini mwaka 1996, kwetiapini mwaka 1997 na aripiprazoli mwaka 2002. Leo hutumiwa kutibu skizofrenia, na pia maradhi ya baipola, ambayo humpandisha mtu katika furaha na pilikapilika zisizo na mpaka kisha yakamshusha katika majonzi mazito.

Wataalamu wamezipachika dawa hizi jina ambalo, tukilifasiri neno kwa neno, ni "dawa zisizo za kawaida". Kama mwanaisimu, siwezi kulipita jina hilo kimya. Mwambie mzazi wa Kwale au Kakamega kwamba mwanawe atapewa dawa isiyo ya kawaida, naye atakuwa na haki ya kukumbuka ya waganga au ya magendo. Heri tuziite dawa za kizazi cha pili. Jina hilo linaeleza historia yake, na halimtishi mtu.

Ama kuhusu athari zake, hapo ndipo lugha inapokuwa suala la uhai. Nyingi ya dawa hizi huleta usingizi, hasa katika wiki za kwanza. Mwanafunzi aliyerejea darasani kutoka hospitalini akasinzia saa mbili asubuhi huitwa mvivu, na huenda akaadhibiwa. Olanzapini na klozapini huongeza sana hamu ya kula na uzito wa mwili, na zaweza kuleta kisukari na mafuta mengi katika damu. Sisi tukimwona kijana huyo amenenepa tunasema "amenawiri". Neno hilo la sifa hufunika hatari, kwani katika utamaduni wetu unene umekuwa alama ya siha, na hakuna anayefikiria kumpima sukari mtu aliyenawiri.

Risperidoni nayo yaweza kupandisha homoni iitwayo prolaktini, hata hedhi ikakatika na maziwa yakatoka matitini. Hebu fikiri, msomaji, yanayoweza kumpata msichana wa bweni mwenye dalili hizo mahali ambapo hakuna aliyeelezwa. Atasemwa kuwa ni mjamzito kabla hajafungua kinywa kujitetea. Kadhalika, zipo nyakati ambapo dawa, hasa zile za kizazi cha kwanza ambazo bado zinatumika, hupindisha shingo na kugeuza macho yakatazama juu. Jamaa wataona pepo amepanda. Kumbe ni athari inayojulikana, ambayo daktari huiondoa upesi kwa sindano. Muda unaopotezwa katika kupunga pepo ni mateso ya bure kwa mgonjwa.

Kuna athari nyingine ambayo Kiswahili hakijaipa jina moja lililokubalika. Mgonjwa hawezi kukaa. Huketi akainuka, hutembea akarudi, na ndani yake anahisi kama anasukumwa. Kwa kukosa jina, yeye husema tu "situlii", na anayemsikiliza hudhani ugonjwa umezidi, akaomba dawa iongezwe. Huko kuiongeza kwaweza kuwa ndiko kuyazidisha mateso.

Sasa tutazame neno tunalotumia kwa mambo haya yote. Huku kwetu twasema "madhara ya dawa". Madhara ni uharibifu, na mtu mwenye busara hukimbia kinachomdhuru. Nchini Tanzania, katika matangazo ya uzazi wa mpango na chanjo, husemwa "maudhi madogo madogo". Usemi huo ni wa upole na unafaa kwa kinywa kikavu au usingizi. Lakini je, kisukari ni udhia mdogo? Je, homa na maumivu ya koo kwa mtu anayemeza klozapini, ambayo yaweza kuwa ishara kwamba damu yake imeishiwa kinga, ni maudhi madogo madogo? Hapana. Twahitaji ngazi tatu: maudhi, yanayovumilika na ambayo mengi hupungua kadiri siku zinavyopita; athari, ambazo hapana budi daktari aelezwe ili abadilishe kipimo au dawa; na hatari, ambazo hazingoji kesho. Msamiati huo tunao tayari. Kilichobaki ni kuupanga na kuutumia.

Wapo watakaosema kwamba mgonjwa akielezwa yote hayo ataogopa na kuikataa dawa. Hoja hiyo ina uzito wake, kwani anayeacha dawa ghafla hukabiliwa na hatari kubwa ya kuugua upya. Lakini ukimya haujamzuia mtu kuacha. Uchunguzi mkubwa wa Marekani uliochapishwa mwaka 2005 uligundua kwamba takriban wagonjwa 74 katika kila 100 waliiacha dawa waliyoanza nayo kabla ya miezi 18 kutimia, ama kwa sababu haikuwafaa, ama kwa sababu athari zake ziliwashinda, ama kwa sababu nyinginezo. Aliyeonywa kwamba atanenepa anaweza kujipanga, au kurudi kwa daktari na kuomba dawa nyingine. Ambaye hakuonywa huvitupa vidonge chooni na kunyamaza.

Isitoshe, sheria yetu ya afya ya akili ilirekebishwa mwaka 2022, na suala la mgonjwa kuridhia matibabu likapewa nafasi yake. Mtu huridhia jambo alilolielewa. Katiba ya mwaka 2010 nayo ilikifanya Kiswahili lugha ya taifa na mojawapo ya lugha rasmi. Sioni sababu ya karatasi ya maelezo iliyomo ndani ya kisanduku cha dawa kuandikwa kana kwamba kila mgonjwa wa Kenya alisomea udaktari kwa Kiingereza.

Basi nini kifanyike? Daktari na mfamasia waeleze, kwa maneno ya kawaida, mambo manne: dawa hii ni ya nini, itachukua wiki ngapi kabla ya nafuu kuonekana, nini kitakachoudhi na nini kitakachohatarisha. Waongeze kwamba dawa hizi hazileti uraibu, na kwamba kupata nafuu si ruhusa ya kuziacha bila ushauri. Uzito na sukari vipimwe tangu siku ya kwanza. Walimu nao waulize kabla ya kuadhibu, na waitunze siri ya mwanafunzi kama wanavyoitunza mitihani. Walimu wa Kiswahili hasa wawafundishe vijana uzito wa maneno. "Wazimu" lina shina moja na "mzimu", na kila tulitamkapo tunamrudisha mgonjwa kwa mizimu badala ya kwa daktari. Jina la Mathari, hospitali iliyoanza mwaka 1910, tumeligeuza tusi la uwanjani, na mzazi anayelisikia tusi hilo huona haya kumpeleka mwanawe huko mapema.

Sisi wa idara za lugha tusijitoe. Tumeunda istilahi za fonolojia na za fasihi hadi tukatosheka. Ni wakati wa kuketi na madaktari na wauguzi tukaandika kijitabu kimoja cha Kiswahili sanifu kitakachoeleweka na mama asiyepita darasa la nane. Kijana anayemeza kidonge leo usiku ana haki ya kujua kwa nini kesho asubuhi ataamka na usingizi, na mwalimu wake ana wajibu wa kujua vivyo hivyo.