Mtihani ndio unaomfundisha mwalimu

Pale Mboko, mtoto wa mwaka wa tano anayemsaidia mama yake kuuza ndagala ufukweni hakosei kurudisha pesa inayobaki. Ukinunua mafungu matatu na kutoa noti kubwa, jibu liko tayari kabla hujafunga mfuko. Mpe hesabu hiyohiyo darasani kwa Kifaransa, ananyamaza. Nimemwona akinyamaza, na nimesikia akiitwa mjinga.

Katiba inakitaja Kiswahili kati ya lugha nne za taifa. Sheria ya elimu ya tarehe 11 Februari 2014 inaruhusu lugha hizo, pamoja na lugha za mahali, zitumike kufundishia. Tangu 2019 shule ya msingi ya serikali ni ya bure, na madarasa yamejaa watoto ambao nyumbani husikia Kibembe na Kiswahili tu. Lakini mtihani wa taifa wa kumaliza msingi uko kwa Kifaransa. Mwalimu anajua hivyo, mzazi pia. Basi Kiswahili kinaachwa mapema, hata pale sheria inapokiruhusu.

Sisi wa kitivo hiki tunabishana kuhusu Kiswahili kipi, cha vitabu au cha Fizi. Mabishano matamu, ila mtoto hangoji. Mimi nadai kitu kimoja: hesabu za mtihani huo ziandikwe pia kwa Kiswahili, mtoto achague. Kifaransa kibaki na karatasi yake. Atakayesema hatuna maneno, aje ufukweni asubuhi mitumbwi ikirudi: kugawa, kubaki, nusu, robo, hasara, yote yanatamkwa pale bila kamusi.