Washairi wa Wakati Hawako Ulaya

Wenzangu chipukizi, mnanichosha! Kila anayebuni chama cha washairi ambao beti zao huendesha wakati, mbele au nyuma, anakipeleka kwenye ngome yenye theluji. Theluji gani, bwana, na wewe umezaliwa Masasi?

Huku kwetu mtoto huingia jandoni, huimbiwa, hufundishwa, hutoka mtu mzima mwenye jina jipya. Miaka imerukwa kwa nyimbo. Vincent Lucas wa UMCA, aliyekuja kuwa askofu wa Masasi mwaka 1926, aliijua nguvu hiyo: hakulifuta jando, alilitia sala za Kikristo. Na mwaka 1906 Mjerumani Karl Weule alipita Masasi na Newala na fonografu, akazinasa nyimbo kwenye nta. Walioimba wamekufa zamani, sauti zao zilishavuka bahari.

Mtasema siri za jandoni haziandikwi. Sawa, zisiandikwe, wala mimi sizitaki kurasani. Lakini kwamba wimbo humkuza mtu, hiyo nayo siri? Mbona mnaiita ushamba, halafu mnaikopa kwa Wazungu ikishavaa joho?

Anayebisha anionyeshe ngome yake Newala. Boma la Wajerumani lisihesabiwe.