Idhini Isiyo na Tarehe ya Mwisho

Jumamosi tarehe 15 Oktoba 2011, mawaziri wawili wa Kenya, George Saitoti wa Usalama wa Ndani na Yusuf Haji wa Ulinzi, walisimama mbele ya waandishi wa habari wakatangaza kwamba nchi itawafuata al-Shabaab hadi ndani ya Somalia. Kesho yake majeshi yalivuka mpaka. Operesheni ikapewa jina la Linda Nchi. Katiba mpya ilikuwa haijatimiza hata miezi 14 tangu izinduliwe Uhuru Park, na ndani yake Kifungu cha 132 kinasema Rais hutangaza vita kwa idhini ya Bunge. Kifungu cha 240 nacho kinasema Baraza la Usalama wa Taifa linaweza kupeleka vikosi nje ya nchi, vilevile kwa idhini ya Bunge. Lakini wanajeshi ndio waliotangulia, idhini ikafuata nyuma. Ni mwezi Desemba ndipo wabunge walipopitisha hoja ya majeshi yetu kuingia katika AMISOM, kikosi cha Umoja wa Afrika.

Mjadala wa Kenya kuhusu jambo hili umekwama hapo kwenye mpangilio wa tarehe. Je, Oktoba ilivunja Katiba? Serikali ilisema hapana: haikutangaza vita na nchi yoyote, ilijilinda tu kama Kifungu cha 51 cha Mkataba wa Umoja wa Mataifa kinavyoruhusu, baada ya watu kutekwa nyara Lamu na kwenye kambi za wakimbizi za Dadaab. Wanasheria wakajibu kwamba ukivuka mpaka na vifaru, jina unaloipa safari yako halibadilishi kitu. Nimesoma hoja za pande zote mbili, na zote zina uzito. Hata hivyo naamini swali hilo limetuziba macho tusione kasoro iliyo kubwa zaidi. Tuseme Bunge lingekutana usiku wa tarehe 15 Oktoba, likapiga kura, likakubali kwa kauli moja. Tungekuwa wapi leo? Palepale tulipo. Kwa sababu idhini ya kupeleka majeshi nje, kwa jinsi Katiba yetu ilivyoandikwa, haina tarehe ya kwisha. Ikishatolewa imetolewa. AMISOM iligeuka kuwa ATMIS mwaka 2022, ATMIS ikawa AUSSOM mwanzoni mwa 2025, marais wamepishana Ikulu, na wanajeshi wetu bado wako Somalia.

Kinachoniuma ni kwamba waandishi wa Katiba hiyohiyo waliijua dawa. Soma Kifungu cha 58, kile cha hali ya hatari. Rais anaweza kutangaza hali ya hatari, lakini tangazo lake linadumu siku 14 tu. Akitaka zaidi, aende Bunge la Kitaifa, na huko hapewi zaidi ya miezi miwili kwa mara moja. Nyongeza ya kwanza inahitaji thuluthi mbili ya wabunge wote. Nyongeza ya pili, na kila inayofuata, inahitaji robo tatu. Kadiri hali ya hatari inavyorefuka, ndivyo inavyokuwa vigumu kuiendeleza. Walioandika hivyo walikuwa wamekaa na historia: hali ya hatari ya mwaka 1952 ilidumu hadi 1960, na kaskazini-mashariki mwa nchi iliishi chini ya sheria za dharura karibu miongo mitatu baada ya uhuru. Walijua kwamba mamlaka ya dharura hunoga mkononi mwa mwenye nayo. Basi kwa nini ngazi hiyo ikawekwa kwa hatari ya ndani, na kwa vita vya nje tukaachiwa neno moja tupu, idhini?

Tarehe 15 Januari 2016 al-Shabaab walivamia kambi ya wanajeshi wa Kenya huko El Adde, katika eneo la Gedo. Siku 12 baadaye marais watatu, Uhuru Kenyatta, Hassan Sheikh Mohamud wa Somalia na Muhammadu Buhari wa Nigeria, walikuwa Moi Barracks, Eldoret, mbele ya familia zilizofiwa. Nyimbo ziliimbwa, hotuba zikatolewa, pole zikapokewa. Serikali haikuwa imesema ni wanajeshi wangapi waliokufa, na haijasema mpaka leo. Mwezi uliofuata Rais wa Somalia mwenyewe alitaja kwenye televisheni idadi inayokaribia 200. Nairobi ikakana, bila kutoa idadi yake. Mzazi wa Kakamega au wa Marsabit akitaka kujua mwanawe alikufa pamoja na wangapi, inabidi asikilize kauli ya rais wa nchi jirani.

Watu husema hilo ni suala la uwazi wa jeshi. Kwangu mimi ni suala la kura. Mwaka 2016 hapakuwa na siku yoyote kwenye ratiba ya Bunge ambayo Waziri wa Ulinzi angelazimika kusimama na kuomba idhini upya. Kifungu cha 240 kinalitaka Baraza la Usalama wa Taifa lipeleke Bungeni ripoti ya kila mwaka juu ya hali ya usalama, lakini ripoti hupokelewa, ikawekwa mezani, watu wakaendelea na shughuli. Ripoti haina kura nyuma yake. Waziri anayejua kwamba mwezi Juni atahitaji kura za wabunge 175 hazungumzi nao kama waziri anayewaarifu tu.

Ujerumani ina utaratibu wa namna hiyo, na inapendeza kwamba mizizi yake iko Somalia. Mwaka 1993 serikali ya Helmut Kohl ilipeleka wanajeshi Beledweyne kusaidia operesheni ya Umoja wa Mataifa. Chama cha upinzani cha SPD kikaenda Mahakama ya Katiba. Mwezi Juni mwaka huo mahakama iliamuru kwamba wanajeshi hawataendelea kubaki Somalia bila Bundestag, bunge la nchi hiyo, kuridhia, na tarehe 12 Julai 1994 ikatoa hukumu yake kamili: jeshi la Ujerumani ni jeshi la bunge, na kulituma vitani nje kunahitaji idhini ya bunge kabla halijaondoka. Mwaka 2005 hukumu hiyo ikageuzwa sheria.

Ombi analopeleka waziri wa Ujerumani bungeni lazima litaje mambo kadhaa: wanajeshi wanakwenda kufanya nini, katika eneo gani, kwa msingi gani wa sheria, wasizidi wangapi, kwa muda gani, kwa gharama gani. Idhini ya kwanza ya Afghanistan, ya tarehe 22 Desemba 2001, ilikuwa ya wanajeshi wasiozidi 1,200 kwa miezi sita. Muda ulipokwisha serikali ikarudi kuomba. Baadaye iliomba tena, takriban kila mwaka, hadi majeshi yalipoondoka 2021. Pakiwa na hatari isiyongoja, serikali inaruhusiwa kutangulia, lakini iombe idhini mara moja; na ikinyimwa, iwarudishe watu wake. Bundestag pia inaweza kuifuta idhini kabla muda wake haujaisha.

Sitadai kwamba utaratibu huo umewafanya Wajerumani kuwa watakatifu. Afghanistan iliendelea miaka 20, na bunge lao likakubali kila lilipoombwa. Novemba 2001 Chansela Gerhard Schröder aliiunganisha kura ya kujiunga na vita dhidi ya ugaidi na kura ya imani na serikali yake, akapita kwa kura 336 pale alipohitaji 334. Wabunge wa chama chake waliokuwa na shaka ilibidi wachague kati ya dhamiri na serikali yao. Wingi wa viti ukiwa mkononi mwa serikali, kura inaweza kuwa ya mdomo tu, na sisi tunalifahamu hilo vizuri kuliko Wajerumani. Lakini angalia kilichobaki. Wanajeshi 59 wa Ujerumani walikufa Afghanistan. Idadi hiyo inajulikana na kila mtu, na majina yao yamechorwa kwenye nguzo katika msitu wa kumbukumbu ulio karibu na Potsdam. Swali linaloulizwa kila mwaka mbele ya kura haliachi idadi ifichike.

Wamarekani walijifunza kwa njia chungu zaidi. Tarehe 7 Agosti 1964 Kongresi ilimpa Rais Lyndon Johnson azimio la Ghuba ya Tonkin, lililomruhusu kupigana Vietnam, kwa kura 416 kwa sifuri katika Baraza la Wawakilishi na 88 kwa 2 katika Seneti. Azimio lilisema litakoma Rais atakapoona amani imerejea, au Kongresi itakapolifuta. Rais hakuona amani. Kongresi ililifuta mwaka 1971, na kufikia hapo Wamarekani zaidi ya 50,000 walikuwa wamekufa, pamoja na Wavietnam wasiohesabika. Ndipo mwaka 1973 ikapitishwa sheria inayompa Rais siku 60 tu za kupigana bila idhini ya Kongresi, licha ya kura ya turufu ya Rais Nixon. Maseneta wawili waliokataa mwaka 1964, Wayne Morse na Ernest Gruening, wote walipoteza viti vyao 1968.

Tanzania nako kuna funzo lake. Ibara ya 44 ya Katiba inampa Rais uwezo wa kutangaza hali ya vita, kisha inamtaka Spika aliitishe Bunge ndani ya siku 14 lijadili na kuamua kama litaunga mkono. Ni kifungu kizuri, kilichoandikwa na watu waliokumbuka vita vya Kagera dhidi ya Uganda ya Idi Amin: nchi moja ikiivamia nyingine, mpaka unaoonekana, adui mwenye serikali. Lakini wanajeshi wa Tanzania wasiopungua 14 waliouawa Semuliki, mashariki mwa Kongo, tarehe 7 Desemba 2017, walikuwa chini ya bendera ya Umoja wa Mataifa, wakipigana na waasi. Ibara ya 44 haikuwa na la kusema juu yao. Vita vya zama hizi karibu vyote ni vya namna hiyo, na katiba zetu bado zinamngojea Amin.

Najua pingamizi litakalokuja, maana huja kila mara: adui anasikiliza, mambo ya vita hayajadiliwi hadharani. Ni kweli, hakuna mwananchi anayetaka kujua doria itapita barabara gani kesho. Lakini idadi ya juu ya wanajeshi si siri; Umoja wa Afrika na Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa huitangaza kwenye maazimio yao. Gharama si siri kwa anayeilipa. Na idadi ya waliokufa adui anaijua tayari, kwa kuwa ndiye aliyewaua. Asiyeijua ni Mkenya.

Makala za toleo hili zinatofautiana juu ya mengi, na mwandishi mmoja anapinga moja kwa moja ninayoyasema hapa. Nimeichapa makala yake mbele kabisa. Mimi nashikilia hili: Kifungu cha 240 kiongezewe ngazi ileile ya Kifungu cha 58. Idhini ya kwanza iwe ya mwaka mmoja, itaje idadi ya juu ya wanajeshi, eneo, kazi na fedha. Nyongeza ya kwanza ihitaji thuluthi mbili. Zinazofuata zihitaji robo tatu. Kabla ya kila nyongeza, waziri alete kwa maandishi idadi ya waliokufa na waliojeruhiwa. Wala hatuhitaji kusubiri marekebisho ya Katiba ndipo tuanze. Hoja ya AUSSOM inaweza kuletwa na mbunge yeyote kikao kijacho, ikiwa na tarehe ya mwisho ndani yake, na Kamati ya Ulinzi inaweza kumwita waziri wiki hii na kumwuliza walikufa wangapi El Adde.