Jina la Mtoto si Koti

Wako wenzetu hapa Acocks Green wanaosema jina ni jina tu; likimshinda mwalimu, likatwe. Tunawapinga.

Lubaina Himid, msanii aliyezaliwa Zanzibar mwaka 1954 na kushinda Tuzo ya Turner mwaka 2017, alilijibu jambo hili zamani. Katika kazi yake ya 2004, Naming the Money, alisimamisha watu 100 wa mbao wenye kimo cha binadamu: wapiga ngoma, washona viatu, waganga wa mitishamba. Ni Waafrika waliopelekwa Ulaya kutumikia mabwana. Mtazamaji hupita katikati yao huku sauti ikitaja jina halisi la kila mmoja, na lile alilobandikwa na bwana wake.

Wale walinyang'anywa. Sisi nani ametunyang'anya? Mwanajuma tunamwita Jay, Hamisi tunamwita Sam, kisha tunalalamika kwamba watoto hawajijui!

Ulimi unaotamka Tchaikovsky hautashindwa na Mwanajuma. Jina si koti la kuvaa kwa ajili ya baridi. Wazazi, liandikeni kamili kwenye fomu ya shule. Mwalimu akilikosea, msahihisheni kwa adabu, mara ya kwanza na mara ya kumi.