ELIMU NA AFYA: Kiroboto, Panya na Tauni ya Usambara

Wapo wadhanio kwamba tauni ni maradhi ya vitabuni, yaliyokwisha zamani. Watu wa Lushoto wajua kuwa sivyo. Mwaka 1980 tauni ilizuka katika Usambara ya Magharibi, na kwa muda wa zaidi ya miaka 20 ikawa ikirudi mara kwa mara. Waliougua walizidi 6,000, na waliokufa walikuwa mamia. Ilitulia mwanzoni mwa karne hii, lakini panya na viroboto wangalipo. Basi yafaa kila nyumba ya milimani, tangu Lushoto mpaka Zirai, ijue yale waliyoyagundua wataalamu.

Mwaka 1894, huko Hong Kong, Alexandre Yersin alikiona kijidudu cha tauni. Mwaka 1898 Paul-Louis Simond, alipokuwa Karachi, alionyesha kuwa kiroboto ndiye akichukuaye kutoka kwa panya. Lakini je, kiroboto huambukizaje? Mwaka 1914 Bacot na Martin walieleza. Vijidudu huongezeka ndani ya kiroboto, vikashikamana na kuziba mlango wa tumbo lake. Akinyonya damu, haishuki. Njaa humshika, naye huuma tena na tena. Na ile damu iliyokwama hurudi jerahani pamoja na vijidudu.

Utafiti wa baadaye umefunua jambo la ajabu zaidi. Katika mwili wa kiroboto, ambao hauna joto kubwa, kijidudu hutengeneza ute unaovigandisha vijidudu pamoja. Kiingiapo katika mwili wa mtu, wenye joto la nyuzi 37, huacha kuutengeneza ute huo, kikajivika ganda la protini linalokikinga kisimezwe na chembe nyeupe za damu. Kijidudu ni kile kile, ila hubadili silaha kwa kadiri ya joto. Tena mwaka 2006 watafiti wa Marekani walionyesha kuwa wapo viroboto wawezao kuambukiza katika siku chache za kwanza, hata kabla tumbo halijazibika.

Na hapa kwetu, uchunguzi uliotangazwa mwaka 2007 ulifanywa katika vijiji 12 vya Usambara ya Magharibi. Viroboto waliokusanywa majumbani wengi wao hawakuwa wale wa panya, bali wale wanaopenda kumnyonya mwanadamu. Tena vijiji vilivyokuwa na viroboto hao kwa wingi zaidi majumbani ndivyo vilivyopatwa na tauni mara nyingi zaidi. Hatuwezi kusema kuwa hao peke yao ndio sababu, lakini twapata onyo: tusimtazame panya tu, tukasahau sakafu na malalo yetu.

Kutokana na hayo lipo kosa moja la kuepukwa. Tauni inapokuwapo, mtu asianze kwa kuua panya. Panya akifa mwili wake hupoa, na viroboto humtoka wakatafuta mwili mwingine wenye joto. Pengine ni wa mtoto aliyelala chini. Kwanza viroboto wauawe kwa dawa, kisha panya. Panya wakionekana wamekufa ovyo, wasishikwe kwa mikono, na habari ipelekwe upesi kwa mganga wa serikali. Mahindi yasiwekwe mahali watu walalapo, na watoto wasilazwe sakafuni.

Mtu akishikwa na homa kali pamoja na mtoki wenye maumivu, kinenani, kwapani au shingoni, apelekwe hospitali siku ile ile. Asipotibiwa, katika kila wagonjwa 10 wa mitoki hufa 3 mpaka 6. Lakini akiwahiwa, dawa kama streptomisini humponya.

Mtume Muhammad (s.a.w.) alitufundisha kuwa tauni ikiwa katika nchi tusiiingie, na ikitukuta tulipo tusitoke kwa kuikimbia. Maana akimbiaye aweza kuichukua tauni mwilini mwake, au viroboto katika nguo zake, akawapelekea jamaa wasio na habari. Basi kukaa palipo na maradhi, kwa subira na kwa kutafuta dawa, ni kuwahurumia Waislamu na watu wote.

Mwenyezi Mungu azihifadhi nyumba zetu. Nasi tuanze leo kufagia uvunguni, kuanika malalo juani, na kuuondoa mchaga wa mahindi chumbani.