Jiko la Dreyer Lilijazwa na Nani?

Wenzangu wapenda filamu wakimtaja Carl Theodor Dreyer, lazima ije ile hadithi ya jiko. Inasimuliwa kwamba alipotengeneza Ordet, iliyotoka 1955, alitaka jiko la familia ya mkulima lijazwe kila kitu ambacho jiko la shamba la Denmark lingekuwa nacho. Kisha akaanza kutoa kimoja kimoja, mpaka vikabaki vyombo vichache tu. Na kweli, ukiitazama unaamini watu wanaishi mle.

Sawa, Dreyer alijua kupunguza. Lakini jamani, nani anapunguza kwenye jiko tupu? Aliyesanifu mandhari ya Ordet ni Erik Aaes, na kwenye mijadala yetu sijasikia hata mmoja akimtaja. Huyu hakuwa kibarua wa kupanga viti. Mwaka 1928 alikuwa Ufaransa, akisanifu mandhari ya filamu ya Jean Renoir kuhusu binti muuza viberiti, kisa cha Andersen, mtu wa kwao Denmark. Mwaka 1943, nchi yao ikiwa mikononi mwa Wajerumani, alimsanifia Dreyer filamu ya Vredens Dag. Vile vyumba vya karne ya 17 vinanitisha kuliko huyo bibi anayechomwa moto kwa uchawi.

Nasomea ualimu, labda ndiyo maana linaniuma: anayeandaa chumba husahaulika mapema. Basi ukiandika insha kuhusu Ordet, mtaje Dreyer, ni haki yake. Mstari unaofuata, mwandike Aaes.