Mayai, lenga-lenga na samaki wa moshi katika kikaango kimoja

Juma hili tunajibu swali la mama mmoja wa kikundi. Mtoto wake anayesoma Kalemie alimletea karatasi ya mapishi kwa Kifaransa: mayai, majani, jamboni na fromaji, vyote vinapikwa pamoja mpaka vinashikamana kama mkate, halafu vinakatwa vipande. Mama anauliza: jamboni ni kitu gani, fromaji tutaitoa wapi, na bila hivyo viwili chakula hiki kinawezekana hapa Nyunzu?

Kinawezekana, na tunaona kinafaa sana nyumba yenye watoto wengi na mayai machache. Waitaliano wanakiita frittata, maana yake kitu cha kukaanga, na kwao ni chakula cha kumalizia masalio: majani ya jana, kipande cha nyama kilichobaki, mayai juu yake. Wahispania wanatia viazi. Hata ng'ambo ya ziwa letu, Kigoma, wanauza chipsi mayai kando ya barabara, na hiyo nayo ni ndugu yake. Kila watu wanaweka kile walicho nacho, na sisi tufanye vilevile.

Jamboni ni mguu wa nguruwe uliotiwa chumvi nyingi na kutundikwa ukauke muda mrefu; mingine inapitishwa kwenye moshi. Haiwekwi nyingi katika mayai. Kazi yake ni kuleta chumvi na ile harufu ya moshi, ili kidogo kionekane kingi. Sasa, nani kati yetu hajui chumvi na moshi? Samaki wa Lukuga wanaokaushwa juu ya moto wanafanya kazi hiyo, na ndakala wanaotoka Kalemie pia. Faida nyingine ni kwamba samaki anakaribishwa mezani kwa Wakatoliki, kwa Waislamu na kwa Waadventista, wakati nguruwe angewaacha wamama wengine wa kikundi wakiangalia tu.

Fromaji ni maziwa yaliyogandishwa, yakakamuliwa maji na kutiwa chumvi. Katika Kongo yetu inatengenezwa milimani Masisi, kule Kivu ya Kaskazini, na watu wanaiita fromaji ya Goma. Mkipata kipande siku moja, kikwangueni ndani ya mayai, ni kitamu. Lakini hatutawaambia wamama wa Nyunzu wangoje fromaji ya Masisi. Katika kikaango inaleta mafuta na uzito, na karanga zilizosagwa zinaleta vyote viwili. Ladha haitakuwa ile ya Wazungu, bila shaka. Kwetu sisi ladha ya karanga na samaki ni ya nyumbani, na watoto wanaipenda bila kufundishwa.

Kwa watu sita mpaka wanane wanaokula na bukari, tafuta mayai 6 ya kuku wa kienyeji, fungu moja kubwa la lenga-lenga, samaki wa moshi wa kujaza mkono mmoja, kitunguu 1, tomati 2, vijiko 3 vya supu vya karanga zilizosagwa, vijiko 2 vya mafuta, na chumvi kidogo. Kama mafuta ni ya mawese, usiyachome mpaka yawe meupe, kwa sababu ile rangi nyekundu ndiyo yenye vitamini A ambayo macho ya mtoto yanaihitaji.

Anza na mayai. Yatie katika maji baridi: yai zuri linalala chini, la zamani linasimama wima, na bovu linaelea. Linaloelea litupe. Yale mengine yavunje moja moja katika kopo kabla ya kuyaunganisha, ili moja lisiharibu matano.

Samaki mmwagie maji ya moto, mwache dakika chache, kisha mtoe mifupa yote. Tunasema yote, wamama, kwa sababu mtoto wa mwaka mmoja hataona mfupa uliojificha ndani ya yai. Ndakala wanaoshwa mchanga, wanakatwa vichwa, na kwa watoto wadogo wanatwangwa kabisa katika kinu.

Lenga-lenga ichemshe dakika tano, ikamue kwa mkono mpaka maji yatoke, kisha ikatekate. Hapo ndipo wengi wanaharibu: majani yakibaki na maji, mayai hayashikamani, unapata supu ya kijani. Matembele nayo yanafaa. Sombe pia, lakini ile iliyokwisha kutwangwa na kuiva vizuri tangu jana. Usitie majani mabichi ya muhogo katika mayai, hata kidogo, maana sumu yake inaondoka kwa kutwanga na kuchemsha muda mrefu, na mayai hayakai motoni muda huo.

Karanga zikoroge kwanza na maji ya vuguvugu kidogo mpaka ziwe laini kama uji mzito, halafu ndipo uzipige pamoja na mayai. Ukizitia kavu zinabaki madonge. Na karanga zenye ukungu au uchungu usisage, hata kama umezinunua kwa pesa. Ukungu ule una sumu inayoharibu ini, na moto wa jikoni hauimalizi.

Sasa kaanga kitunguu mpaka kilainike, tia tomati, ngoja maji yake yakauke, tia samaki, kisha majani. Onja kabla ya kutia chumvi, kwa sababu samaki ameshaleta yake. Vikichanganyika, mwaga mayai juu, tingisha kikaango yaingie kila mahali, na usikoroge tena.

Karatasi ile inasema kumalizia katika foro. Hatuna foro, tuna mbabula, na mbabula inatosha. Ondoa makala nusu chini ya kikaango ili moto uwe mdogo. Funika kwa kifuniko cha chuma au cha alumini, na juu ya kifuniko panga makala manne au matano yanayowaka. Wamama wa Zanzibar na wa Mombasa wanaoka mikate yao ya sinia kwa njia hii tangu zamani, moto chini na moto juu. Baada ya dakika kumi hivi choma katikati kwa kisu. Kisu kikitoka kikavu, chakula kimeiva. Kikitoka na ute, funika tena. Kwa mtoto na kwa mama mwenye mimba yai lazima liive mpaka katikati, kwa sababu yai bichi linaweza kubeba vijidudu vya kuharisha. Kiache kipoe kidogo, ndipo ukate.

Hayo ni ya jikoni. Lakini tunajua kwamba swali gumu zaidi ni nani atakayekula.

Kati yetu bado tunasikia kwamba yai ni la baba na la mgeni. Tunasikia kwamba mtoto akila mayai atakuwa mwizi, na kwamba mama mwenye mimba akila yai atazaa mtoto asiye na nywele. Hatuwacheki mabibi waliotuachia maneno hayo. Tunafikiri walikuwa na sababu yao: mtoto aliyeonja yai atajua njia ya kiota, na nyumba itakosa vifaranga. Basi walilinda kuku kwa maneno. Lakini sasa maneno yale yanawanyima chakula wale wawili wanaokihitaji kuliko wote, mama anayejenga mwili wa mtoto tumboni na mtoto anayekua. Sisi tulio darasani tunawaona wale wa mwaka wa kwanza. Walioamka na chai tupu wanaweka kichwa mezani kabla ya mapumziko, na hakuna mwalimu anayeweza kufundisha tumbo.

Faida ya yai kwa mtoto mdogo imepimwa. Kule Ecuador, katika Amerika ya Kusini, wataalamu waliwapa watoto wa miezi 6 mpaka 9 yai moja kila siku kwa muda wa miezi 6, na matokeo yalitangazwa mwaka 2017: hatari ya kudumaa, yaani mtoto kubaki mfupi kuliko umri wake, ilipungua karibu nusu. Baadaye jaribio kama hilo lilifanywa Malawi, wilaya ya Mangochi, karibu na ziwa. Huko urefu wa watoto haukubadilika. Wataalamu waliona kwamba watoto wengi wa kule walikuwa wanakula samaki tayari. Tunalisema hili wazi ili mtu asije kuuza yai kama dawa ya miujiza. Tunalosoma sisi humo ni kwamba mtoto anayekula bukari na mboga za majani peke yake anapungukiwa, na yai au samaki anaweza kujaza pengo lile. Mwaka 2023 Shirika la Afya Ulimwenguni lilishauri kwamba watoto wa miezi 6 mpaka 23 wapate kila siku chakula kinachotoka kwa mnyama: nyama, samaki au mayai. Katika kikaango chetu viwili vimekutana.

Kuna mama atasema: tukila mayai, kuku watatoka wapi? Ni neno la haki, hasa katika nyumba zilizokimbia vita na kurudi kukuta banda tupu, au zilizofagiwa na ule ugonjwa wa kuku unaoitwa Newcastle. Hesabu yake ni hii. Kuku wa kienyeji anataga mayai 10 mpaka 15, kisha anaatamia, na kwa mwaka anarudia hivyo mara mbili au tatu. Mwili wake ni mdogo. Ukimwekea mayai 14, ya pembeni yanapoa na kuharibika, hata kama yalikuwa mazuri. Mwachie 8 au 9 yaliyo mapya, uyatie alama ya makala, na yanayobaki yapeleke jikoni. Hupotezi vifaranga, kwa sababu yale ya pembeni yalikuwa yaoze tu. Akisha kukaa, usimnyang'anye tena.

Kuuza mayai yote ili kununua chumvi na sabuni, tunaelewa. Pesa ya nyumba mara nyingi inatoka hapo, na hatutamwambia mama mwenye shida asiuze. Lakini wamama wa kikundi wanaweza kufanya kama likelemba ya mayai: kila juma kila mmoja alete mayai 2, na nyumba moja ipate yote. Kikundi cha wamama 10 kinatoa mayai 20 kwa mara moja, na zamu inaweza kuanza na wenye mimba na wenye watoto chini ya miaka miwili. Kwa kumi, zamu inarudi baada ya juma 10, ndiyo, ni mbali. Kwa hiyo vikundi vidogo vya wamama wanne au watano ni bora, na ni rahisi pia kujua nani hajaleta.

Neno la mwisho kuhusu kugawa. Kata vipande kabla sahani haijafika mezani, na cha mdogo kitoe kwanza, ukiponde kwa kijiko. Baba hatakosa chake, maana chakula hiki kinakatwa kama mkate na kila mmoja anaona sehemu yake. Kipande kilichobaki jioni kisingoje asubuhi katika joto letu. Mayai na samaki vinaharibika upesi bila kutoa harufu. Anayetaka mtoto aende na kipande shuleni apike alfajiri, akifunge katika jani la ndizi lililopitishwa juu ya moto, na mtoto akile saa ya mapumziko.